Mungu Asiyetajwa kwa Wageni

Kosimghat, 3 Februari 1999

Mwanangu Vanita,

Natumaini u mzima, na kwamba chakula cha bweni kimeacha kukusumbua tumbo. Huku hatujambo. Mama yako anaumwa miguu, ila mdomo ni mzima kabisa: hapa nilipo ananitajia mambo ya kukuandikia, na sitayaandika yote.

Juzi gari la serikali lilisimama mlangoni. Akashuka afisa wa kamati ya uhakiki, eti amekuja kuchunguza kama cheti chako cha kabila ni cha kweli, kama sisi ni watu wa kabila la Wagondi kweli. Nilicheka mpaka nikakohoa. Tukamkalisha kwenye kitanda cha kamba, mama yako akaazima maziwa kwa jirani ili chai isitutie aibu. Akauliza tunavyooa, tunavyozika, halafu akatupa hili: "Mungu wa ukoo wenu anaitwa nani? Mnamweka wapi?"

Sasa ningemwambia nini mtu baki, tena na viatu vyake miguuni? Nikamjibu, "Bwana mkubwa, sisi tunaabudu miungu ya Wahindu kama watu wote, Mahadev, Ganesh." Akaandika. Aliondoka na furaha zake, hata mkono akanipa.

Soma kwa bidii. Daktari wa kwanza wa Kosimghat asihangaishwe na makaratasi.

Baba yako

Nagpur, 20 Machi 1999

Shikamoo Baba,

Mama miguu imepoa? Mpake yale mafuta niliyoleta, asiyaweke kwa ajili ya wageni.

Baba, mambo yameharibika. Jana mkuu wa chuo aliniita ofisini. Kamati imefuta cheti changu. Na kwa kuwa nafasi yangu ilikuwa ya zile zilizotengewa makabila yetu, nimefutwa chuoni. Mwaka wa nne, Baba! Nimeambiwa nirudishe koti jeupe na ufunguo wa chumba.

Nilikwenda kwenye kamati. Karani akaniambia, "Dada, uliitwa ujitetee, hukuja." Niliitwa lini? Eti barua ilitumwa nyumbani. Nikaomba nione ripoti ya yule afisa. "Hiyo ni ya ndani." Nikamwuliza nitajibuje kitu ambacho sijakisoma. Akaniambia nisimpandishie sauti. Mwishowe alinionea huruma akanisomea mstari mmoja: "Baba wa mwombaji hamjui mungu wa ukoo wake, wala hana dalili za Mgondi."

Baba, kwa nini hukumwambia?

Mwanao Vanita

Kosimghat, 2 Aprili 1999

Mwanangu,

Barua yako nimeisoma mara mbili, ya pili mama yako akiwa analia, kwa hiyo usiniulize habari za afya.

Hiyo barua ya wito ilifika. Unamjua tarishi wetu, haji mpaka siku ya gulio. Alipoileta, siku ya kusikilizwa ilikuwa imeshapita. Nikadhani basi, watakuita tena, serikali gani inamhukumu mtu bila kumwona uso?

Unaniuliza kwa nini sikusema. Wewe mwenyewe jina hilo hulijui, kwa sababu utaolewa ukoo mwingine. Mama yako hajawahi kumwona. Baba yako mkubwa Dewaji ndiye mtunzaji, na hata mimi ndugu yake huongea naye kwa kunong'ona tukimtaja. Sasa nimtaje kwa mtu anayekunywa chai? Wangemwuliza Mgondi yeyote kwa nini mzee huyu amenyamaza, angewaambia: amenyamaza kwa sababu ni Mgondi! Hawakuuliza mtu, hawa mabwege.

Nakuja Nagpur. Wanataka kumwona, nitawaletea. Ninajua anapokaa. Dewaji hajui, na usimwandikie.

Baba yako

Nagpur, 5 Juni 1999

Shikamoo Baba,

Tangu tulipoachana kituoni nimekuandikia mara mbili na hujanijibu. Unaumwa? Au ni Mama?

Kila nikikumbuka siku ile moyo unauma. Ulivyolifungua lile furushi la mungu wetu kwenye meza ya kamati, na yule karani asivyoinua hata macho: "Mzee, toa mzigo wako hapa, kesi imefungwa." Nataka ujue kitu kimoja. Nilifumba macho, Baba. Sikumwona.

Lakini sasa nisikilize, nina habari njema! Wakili niliyempata alifika Mahakama Kuu. Jaji amesema kamati ilikosea, haiwezi kumfutia mtu cheti bila kumpa ripoti na bila kumsikiliza. Uamuzi wao umetenguliwa. Ripoti ninayo mkononi, kurasa zote. Tarehe 12 Julai tutasikilizwa upya, na safari hii lazima waseme na wazee wa ukoo.

Kwa hiyo njoo na baba mkubwa Dewaji. Hana haja ya kutaja jina lolote. Aseme tu kwamba wewe ni ndugu yake, wa ukoo mmoja naye, basi. Wakili anasema huyo mmoja anatosha. Nijibu upesi, tafadhali.

Mwanao Vanita

Kosimghat, 25 Juni 1999

Mwanangu Vanita,

Mama yako anakusalimu. Anapika, anakula, haongei.

Barua zako zote nimezipata. Nilishindwa kuandika. Niliporudi na lile furushi nilimkuta Dewaji amesimama chini ya mti, anatazama mahali patupu pa mungu. Hakunipiga. Afadhali angenipiga. Akanipokonya, akaniuliza nilimpeleka wapi, nikamwambia: kwenye meza ya serikali. Akakaa chini akalia kama mtoto.

Ukoo ukakaa kikao. Mtu akivunja miiko ya ndoa analisha watu karamu, anarudishwa. Hili langu hawajui karamu yake. Wametutoa kwenye ukoo. Hakuna anayechukua moto kwetu, na kisimani tunasubiri wote waondoke.

Ulipoandika habari ya jaji nilijikaza nikaenda kwa Dewaji. Nilisimama nje, sikuruhusiwa uani. Nikamsomea barua yako yote. Akanijibu kwa upole, "Mtoto namwonea uchungu, Lachhu. Lakini niende nikaape kwamba wewe ni wetu? Si wetu. Wakiniita nitakwenda, na nitasema hivyo."

Basi mwambie wakili asimwite, kama njia ipo. Maana wakimwita atasema kweli, nao safari hii watamsikiliza mpaka mwisho, kwa utaratibu wote, kama jaji alivyoagiza. Na kitakachoandikwa hakuna mahakama itakayokitengua.

Nisamehe, mama.

Baba yako