Nilitaja Jina la Mume Wangu Mahakamani, Sasa Mama Mkwe Hali Chakula Changu

Mpendwa Mama Mdogo Sharda, naomba unisaidie maana nacheka na kulia kwa pamoja. Mume wangu alikamatwa kwa uporaji wa trekta ambalo hakuligusa, akakaa rumande mpaka binti yetu Munni akaota meno na kuyang'oa, na kila tukienda mahakamani karani anatupa tarehe nyingine, leo shahidi hajaja, kesho mawakili wamegoma, keshokutwa wanamwomboleza mwenzao, hadi Mahakama Kuu kule Patna ikaamuru kesi isikilizwe mfululizo na iishe ndani ya mwaka, tukagawa vitamu vya ladu mtaa mzima, kumbe mwaka ukapita na karani bado anatoa tarehe, na wakili wetu ananiambia, "Dada, usimkumbushe jaji amri ya wakubwa wake, atakununia."

Basi siku hiyo karani alipofungua tu mdomo nikainuka na ushungi wangu. Jaji akauliza, "Mama, wewe ni nani?" Nikasema mimi ni mke wa mshtakiwa. "Mshtakiwa gani? Hapa wamejaa." Hapo ulimi ukakwama, kwa sababu tangu niolewe sijawahi kutaja jina la mume, kwetu mke akilitaja anampunguzia mumewe umri, mimi humwita baba Munni, lakini baba Munni wako wangapi katika jimbo hili la Bihar? Nikafumba macho nikasema, "Jagdeo Manjhi. Na Mahakama Kuu ilishaagiza kesi yake iishe."

Jaji akalitaka jalada, akasoma, akamgeukia karani. "Hii amri ni ya mwaka jana?"

"Ndiyo, Mheshimiwa, ila kazi ni nyingi."

"Mahakama Kuu haikutuuliza kama kazi ni nyingi. Kesho asubuhi mashahidi wawe hapa."

Wakaja, wakahojiwa kila siku bila kupumzika, na mwenye trekta mwenyewe akakiri kwamba hakumwona mwizi usoni. Mume wangu yuko huru, Mama Mdogo, amelala hapa anakoroma na mimi nausikiliza mkoromo huo kwa raha. Lakini mama mkwe hali chakula cha mkono wangu. "Umemla miaka mwanangu kwa ulimi wako, mbele ya wanaume wote wale," anasema. Nimwombe radhi?

Lilavati, mama Munni

Lilavati mwanangu,

Radhi ya nini? Wewe nawe, umemtoa mtu jela halafu unatetemekea sufuria! Amri ya mahakama ya juu si ombi, wala jaji wa chini hana hiari ya kuifanyia kazi akijisikia. Nakulaumu jambo moja tu: uliona mwaka mzima unapita ukimsikiliza wakili mwoga. Zilizokula miaka ya Jagdeo ni tarehe za karani, na hizo hakuna aliyezisusia chakula.

Mama mkwe usibishane naye. Amezeeka akimngoja mwanawe, na hofu ya mzazi haiishi siku moja. Jioni pika dengu na wali, mwandalie yeye kwanza, kisha simama mlangoni umwite mumeo kwa jina lake, kwa sauti. Mama huyo ameliita jina hilo miaka yote ya rumande akijibiwa na ukuta. Leo asikie mtu akiitika.