Sufuria ya Mama Paskazia

Jumanne, Izimbya

Nimeshiba, na hilo ndilo linaloniudhi.

Leo tulikwenda na kamera kwa Mama Paskazia. Mumewe alikufa kwa huu ugonjwa unaotumaliza, na matanga hayajaisha vizuri mashemeji wakamnyang'anya kibanja. Wamemwachia migomba michache nyuma ya jiko. Filamu yetu ni ya kuwaonyesha wakubwa wa wilaya jinsi wajane wanavyolala njaa huku ndugu wa mume wakivuna.

Tukamkuta amepika. Alisikia tunakuja, akakata mkungu pekee uliokuwa umekomaa. Kwetu mgeni haondoki bila kula, hata kama amekuja kupiga picha njaa yako.

Mwongozaji wetu, mtu wa Dar, aliiona ile sufuria inafuka mvuke akanuna. "Nani ataamini huyu ana njaa? Iondoeni hiyo."

Nikamweleza mama kwa Kihaya, nikilainisha maneno. Akanijibu taratibu, "Basi kuleni kwanza, mwanangu, ndipo mpige picha."

Tukala. Kukataa kungekuwa kumtukana. Wanawe walisimama mlangoni wakingoja kitakachobaki. Hakikubaki kitu.

Kisha tukapiga picha ya sufuria tupu, watoto wakiitazama. Mwongozaji anasema hajawahi kupata picha nzuri kama ile.

Wakubwa wataiona na kuwalaani mashemeji. Sisi hawatatuona. Tulikuwa nyuma ya kamera, tunafuta midomo.