Jogoo kwa Mume

Jumatatu, baada ya isha

Daftari langu, hujambo? Mimi leo sijambo kabisa, Alhamdulillahi, mume wangu karudi.

Baraza la Ruangwa lilimfunga miezi sita kwa kosa la kuuza pombe, kisa debe la pombe ya mabibo lililokutwa uvunguni. Nikawaza, nani atanisaidia kuvuna ufuta kabla haujapasuka?

Leo rufaa ilisikilizwa bomani Nachingwea, mbele ya Bwana Shauri, yule Mzungu mkuu wa wilaya. Nanong'ona dua zangu, mara mtani wetu Mmakonde, Mzee Lipande, akasimama bila kuitwa.

“Bwana Shauri, mwongezee! Bahili huyu! Nilimwendea na shilingi mkononi aniuzie kikombe kimoja tu, kanifukuza!”

Watu wakacheka. Bwana Shauri hakucheka. “Kumbe hakuwa akiuza,” akasema. Miezi sita ikawa mmoja, na huo keshaumaliza.

Jioni Mzee Lipande akaja kudai haki yake ya utani. Akamkamata jogoo wangu, yule anayeniamsha alfajiri.

“Mzee, na sala yangu je?”

“Mumeo si huyo? Akuamshe yeye!”

Aniamshe! Hapa ninapoandika anakoroma mpaka kitanda kinalia.

Ee Mola, nijibu upesi: hapa nimepata, au nimepunjwa?