Mtaa Uliopata Tisa

Jumatatu, 4 Machi

Viatu vimefukuzwa nje. Mume wangu kasema havilali naye chumba kimoja. Na leo wala sikuwa mahali pachafu! Nilikuwa kule mlimani, kwa wenye bustani, nikakanyaga mavi ya mbwa. Mbwa anaogeshwa kwa shampuu, mavi ni yale yale.

Kazi imeanza. Tunapima ubora wa maisha ya mjini. Wahoji kumi na wawili, kila mmoja na kishikwambi chake. Maswali arobaini na mawili: maji, hewa, harufu, kelele, taka, usalama. Mtu anajibu kwa alama – sifuri ni balaa, kumi ni raha mustarehe. Mitaa itakayopata wastani chini ya sita itajengewa mitaro mipya ya majitaka. Hilo tunalijua sisi tu. Wahojiwa wasiambiwe, wasije wakajipangia majibu. Tumetia sahihi.

Sharti la pili: andika unachoambiwa, si unachokiona. Msimamizi kalirudia mara tatu huku anakata kucha juu ya meza. Ukucha mmoja ukarukia karatasi yangu. Kinyaa! Sisi tunamwita Bwana Wastani, maana kwake kila kitu kina wastani, hata msiba.

Nyumba ya kwanza: mama mmoja mwenye bwawa la kuogelea. Kero yake ni majani yanayodondokea bwawani. Na ndege wanaopiga kelele alfajiri. Maisha yake kwa ujumla? Tatu. Nikaandika tatu.

Jumanne, 5 Machi

Mlimani tena. Mstaafu mmoja analalamika intaneti inasuasua. Nne. Jirani yake hapendi rangi ya ukuta wa mstaafu. Nne! Shibe mwana malevya.

Mchana tumepiga kura ya kugawana mitaa. Karatasi yangu: mtaa wa mama. Mtaa niliokulia. Nikaenda kwa Bwana Wastani, nikamwambia mama yangu mzazi anaishi pale, sheria inasema tusihoji ndugu. Kasema kila mtu ana mama, niendelee na kazi.

Jioni nimeshika simu nimpigie mama nimwambie: kesho semeni ukweli wote, msibakize. Nikairudisha mezani. Sahihi ni sahihi. Halafu, niwaambie nini ambacho pua haijawaambia? Mtaa ule unajisema wenyewe.

Jumatano, 6 Machi

Nina hasira mpaka kalamu inatoboa karatasi.

Nimefika saa tatu asubuhi, nikadhani nimepotea. Mtaa umefagiwa! Ule mtaro mweusi, wenye povu na nepi na panya waliovimba, haupo. Umefunikwa kwa mbao mwanzo hadi mwisho. Juu ya mbao zulia la plastiki lenye maua. Kandokando mchanga mweupe. Na marashi ya chooni! Wamepuliza makopo na makopo. Mavi na waridi kwa pamoja – afadhali mavi peke yake. Nilibana pumzi, nikashindwa, nikaenda kutema nyuma ya nguzo ya umeme.

Mwenyekiti wa mtaa kanipokea kwa mikono miwili. Eti karibu sana, mgeni wetu. Mgeni! Mzee aliyewahi kunivuta sikio mtaa mzima kwa kumvunjia kioo.

Nyumba ya kwanza kwa fundi cherehani. Viti vinne vyekundu vya plastiki, meza ndogo, jagi la maji lenye kitambaa cha kufumwa. Nikamuuliza kama ana kero ya harufu.

“Harufu gani?” kauliza, machozi yanamtoka kwa yale marashi.

Tisa.

Nyumba ya pili: viti vinne vyekundu, meza ile, jagi lile. Tisa. Ya tatu, sijagonga bado, nasikia viti vinaburuzwa uani na mtu anasema harakisheni. Tisa! Mimi napita mbele, samani zinapita nyuma. Funika kombe mwanaharamu apite – na mwanaharamu mwenyewe ni mimi.

Mwenyekiti aliketi nami kila nyumba. Kanuni inaruhusu kiongozi amtambulishe mhoji. Kunitambulisha kulimchukua kuanzia swali la kwanza hadi la arobaini na mbili.

Kwa mama nimefika saa saba. Nikamwamkia. Kaitikia marahaba, karibu mgeni, keti. Mama yangu! Kavaa gauni lake la harusini. Ukutani, pale ambapo alama ya maji machafu inafika magotini, katundika shuka kama pazia la dirisha. Hakuna dirisha pale.

Maji? Tisa. Hewa? Tisa. Majitaka? Yapo mbali huko, mwanangu, tisa. Maisha kwa ujumla? Kamtazama mwenyekiti. Kasema tunamshukuru Mungu, andika tisa. Tunaruhusiwa kurudia swali mara moja. Nikalirudia polepole, nimemkazia macho. Kasema weka tisa na nusu, kama ipo.

Kanisindikiza hadi kona. Akanishika mkono, akanong'ona: “Nimejibu vizuri, mama?”

Ananiitaga mama akiwa na furaha. Nimeandika tisa. Kwa kidole changu mwenyewe.

Alhamisi, 7 Machi

Nimeoga mara mbili. Bado nanukia waridi.

Jumanne, 12 Machi

Bwana Wastani kabandika majedwali ukutani. Mtaa wa mama: nane nukta saba. Wa kwanza mji mzima! Mlimani: nne nukta moja. Kwa hiyo mlimani wanajengewa mitaro. Labda ya kupitishia yale majani ya bwawani.

Kafurahi kama kazaliwa upya. Anasema utafiti huu umevunja dhana potofu, umethibitisha watu wa hali ya chini wana furaha kuliko matajiri. Anataka kuupa mtaa cheti. Nikamwambia pale kinyesi kinaingia hadi mlangoni kila mvua ikinyesha. Kauliza: mhojiwa alisema hivyo? Nikajibu hapana. Basi hakuna, kasema, akachokonoa jino kwa kifuniko cha kalamu. Kalamu ya ofisi. Ya kupokezana.

Wenzangu wamecheka, nami nikacheka. Hicho ndicho kinachonikera zaidi leo. Nimecheka!

Jumatano, 13 Machi

Nimevunja sahihi yangu. Nimekwenda kwa mama, nikamweleza kila kitu: orodha, mitaro, sita, tisa. Kanisikiliza bila kupepesa. Kisha kamwita mwenyekiti, nikarudia upya.

Mwenyekiti kaketi kitandani kama kakatwa miguu. Kasema mara ya mwisho watu wa ofisi walipopita na maswali, ilikuwa mtaa wa nyuma ya soko. Walioulizwa walilia shida zao zote. Mwezi uliofuata yakaja matingatinga: hapafai kuishi watu. Ndiyo maana yeye kapita mlango kwa mlango akisema safari hii asitokee mtu akawapa sababu ya kutubomolea. Marashi ni wazo lake. Kainama. Nilikuja nimchukie, imenibidi nimchukie mtu mwingine.

Nilimwambia mama angesema ukweli. Mimi ni mwanawe, angeniogopa nini?

“Sasa ulitaka niseme nanuka, mbele ya watu?”

Nikamwambia mficha uchi hazai.

“Mimi nimezaa. Na niliyemzaa alijua, akaketi pale, akaniuliza kama hanijui.”

Sikunywa hata maji. Nimetoka, zulia la plastiki limeshaondolewa, mbao zimerudi kwa wenyewe. Mtaro upo wazi, unachemka. Nilisimama nikautazama makusudi. Mdomo umejaa mate, nimetema mara tatu, ladha haiondoki.

Ijumaa, 15 Machi

Mvua tangu alfajiri.

Lakini kuna mlango! Nimesoma mwongozo wote, hata kurasa ambazo hakuna anayezisoma. Ukurasa wa sitini na moja: kila mtaa nyumba moja huhojiwa tena. Majibu yakipishana sana na ya kwanza, mtaa mzima unarudiwa. Nimemuuliza Bwana Wastani nani anarudia mtaa wetu. Kasema chukua wewe, chagua nyumba yoyote, mradi kesho saa sita mchana iwe imeingia kwenye mfumo. Baada ya hapo orodha inakwenda kwa mkuu, na ikishakwenda haigusiki.

Nimempigia mama. Atasema. Mwenyekiti kachukua simu, kasema na yeye atakuwepo, na safari hii kazi yake ni kunyamaza tu. Nilisikia mtu anafagia maji nyuma yake.

Mume wangu kasema nisijitie kimbelembele, kazi zenyewe ni za kuokoteza. Kweli. Huu ni mkataba wangu wa kwanza baada ya miezi kumi na tisa. Lakini ni swali tu na jibu tu. Nani atanifukuza kwa kuuliza swali?

Jumamosi, 16 Machi

Naandika nikiwa juu ya kitanda cha mama, miguu nimeikunja. Chini hapatazamiki.

Nimefika saa nne. Chemba ya choo pembeni mwa nyumba imefumuka, kifuniko kimesukumwa kando. Maji yamefika kwenye vifundo vya miguu na rangi yake sitaiandika. Yanaleta vitu. Yanavizungusha mlangoni, yanaviingiza ndani, vinagonga miguu ya kitanda polepole. Mama kafunga gauni kiunoni anachota kwa beseni, anamwaga dirishani, yanarudi mlangoni. Nilitaka kumsaidia. Kanikataza. Kasema wewe keti ufanye kazi yako, hii ya kwangu naijua.

Mwenyekiti kasimama kizingitini, suruali kakunja hadi magotini. Nyuma yake fundi cherehani, na nyuma yake watu ishirini na zaidi, wote wamo majini. Wamekuja kusikia.

Nikawasha kishikwambi. Nikasoma swali kwa sauti, kama tulivyofundishwa: kuanzia sifuri hadi kumi, maisha yako hapa unayapa alama ngapi?

Mama kaweka beseni. Kajifuta mikono. Kamtazama mwenyekiti, na mwenyekiti katazama chini.

“Moja,” kasema. Kwa sauti ya kusikika hadi barabarani. “Na hiyo moja ni kwa sababu ya hawa majirani. Andika.”

Mtu huko nje kasema sawasawa, mama. Mwingine kaanza kulia. Nilijisikia kama nimevuliwa viatu vya mtu mwingine nilivyovaa wiki nzima.

Nikabonyeza moja. Kidude kikagoma. Maandishi mekundu: jibu halikubaliki, tofauti na jibu la awali isizidi alama mbili. Nikabonyeza mbili. Tatu. Tano! Mekundu. Ni saba kwenda juu tu ndizo zinazokubali.

Nimempigia Bwana Wastani. Anatafuna kitu. Kasema mfumo uko sawa, umewekwa kuzuia makosa ya wahoji. Nikamwambia nimesimama kwenye kinyesi. Kasema andika saba basi, saba nayo imeshuka. Nikamwambia saba haibadilishi chochote. Kasema ipo njia nyingine, chini kabisa ya ukurasa. Kitufe cha kijivu.

Nimekiona. Kimeandikwa: Mhoji alibuni majibu ya awali. Ukikibonyeza, majibu yote ya mtaa yanafutwa na anatumwa mhoji mwingine upya. Mitaro inawezekana. Na jina la mhoji linakwenda kila ofisi ya utafiti kwamba ni mwongo, asipewe kazi tena maisha yake. Bwana Wastani kanisomea mwenyewe, kwa upole. Nikamwambia sikubuni, niliandika nilichoambiwa, ndilo sharti lenu! Kasema anajua. Kisha kasema saa sita, bibie, na kukata simu.

Mwongo! Mimi! Katika mji mzima huu wa tisa na nusu!

Saa sita kasoro dakika kumi na nne. Nimechukua daftari hili ili mikono iwe na cha kufanya. Watu mlangoni wanadhani ninaloandika ndilo hilo la ofisini, wananyoosha shingo. Kitu kimegonga mguu wa kitanda, nikaikunja miguu zaidi.

Mama kasimamisha beseni. Kauliza mbona hili linachukua muda, namba yenyewe ni moja tu, ina ugumu gani?

Kasoro tisa.

Nimemwambia mtandao unasumbua. Kaniamini. Kawageukia watu mlangoni, kawaambia subirini kidogo, mtandao unasumbua, mwanangu anashughulikia – na kaendelea kuchota.