Aliyeng'oa Mlango Wetu Anaishi Peckham

Mama mpendwa,

Mimi na Dada Neema tunakusalimia sana. Mvua ya Landani haijui kunyesha wala kukatika.

Jumapili baada ya ibada, mzee mmoja wa kanisa la Neema alitualika kwake Peckham. Kazi yake ni kuogesha wazee wa Kizungu, na bukari, ugali wa kwetu, anasonga mwenyewe. Tukiwa tunakula sombe ya majani ya muhogo na samaki, akatueleza historia ya jeshi la waasi alilokuwamo zamani kule nyumbani. Walianza kikundi kimoja cha kukomboa nchi, wakagawanyika vikundi viwili kwa kugombea nani akae mbele kwenye gari. Gari lilikuwa moja na halikuwa na betri.

Kisha akaniuliza kwetu ni wapi. Nikamwambia Uvira, nyumba ya bluu karibu na kisima. Akaacha kutafuna.

"Ile yenye mlango wa mvule?"

"Ilikuwa nao," nikasema.

Akasema mvua ilikuwa imewanyeshea siku tatu na kuni zote zilikuwa zimelowa, ila mlango wetu ulikuwa mkavu. Akaniongezea samaki, vipande viwili. Akauliza kama uliweka mlango mwingine. Nikamwambia bado unaning'iniza kitenge mlangoni.

Anakuomba msamaha. Nimekubali kukufikishia ombi lake, jibu sikumuahidi.

Alitusindikiza hadi kituo cha basi. Kabla ya hapo alifunga mlango wake kwa funguo mbili, akashuka ngazi, akapanda tena kuusukuma aone kama umefungika kweli.

Mungu akulinde, Mama, maana kitenge hakilindi.

Mwanao,
Riziki