Mama Nyoka, Mke wa Fundi Cherehani

Ni mwaka sasa, Mama, tangu asubuhi ile ulipoketi kwenye ngazi ya mlango wa nyuma, ukavaa buti moja la kwendea bwawani kwa vyura wako, na la pili hukuwahi kulivaa. Baba alikuwa jikoni anakuchemshia chai. Alipoona kimya kimezidi, akatoka na kikombe mkononi kukuuliza kama leo vyura wamegoma.

Watu waliposikia umefariki, wengi walituuliza ni nyoka gani. Tulichoka kujibu. Nyoka hawakukufanya kitu miaka yote ile. Ni moyo wako uliosimama wenyewe, bila kumsumbua mtu, kama ulivyozoea kufanya mambo yako.

Chumba chako kule makumbusho ulikofanya kazi, ghorofa ya chini, kilijaa chupa za vyura, mijusi na nyoka ndani ya spiriti, kila mmoja na kikaratasi chake mguuni, au shingoni kwa wale wasio na miguu. Uliwajua wote, lakini uliowapenda ni walio hai. Ulikuwa ukimshika chura kwa mkono uliolowa maji ili usimchubue, ukampima kuanzia ncha ya pua, ukapiga picha madoa ya tumbo, kisha ukamrudisha palepale ulipomtoa. Kila jiwe ulilolifunua ulililaza tena lilivyokuwa. "Mwenye nyumba akirudi, akute mlango wake," ulisema, na hukuwa unatania.

Kwa Baba ilikuwa habari nyingine. Mumeo, fundi cherehani, mtu wa kuruka juu ya kiti akiona mjusi wa ukutani, alioa mwanamke anayefuga kinyonga kwenye pazia la sebule. Ndugu zake walimwambia afikiri mara mbili. Alifikiri, akasema mara zote mbili jibu lilikuwa lilelile. Ndiye aliyekushonea mifuko ya kubebea nyoka: kitambaa chepesi kinachopitisha hewa, pembe za mviringo, mshono umekunjwa ndani ili uzi usimkwame mnyama kwenye magamba. Aliishona kwa uangalifu kuliko suti za maharusi. Ila kuigusa ikiwa na kitu ndani, hapo hamkuelewana mpaka mwisho.

Tunakumbuka pia ule mwaka wa vyura wa kwenye matete. Wenzako wote walisema bwawa lililo nyuma ya kiwanda cha matofali lina aina moja tu. Wewe ukashikilia kwamba ziko mbili, kwa sababu ulisikia milio miwili. Mmoja ulilia kama kijiko kwenye glasi, mwingine kama mlango usiotiwa mafuta. Ulitufundisha tukiwa mezani, hadi mwanao mkubwa akauiga ule wa mlango vizuri kuliko chura mwenyewe. Wenzako waliokubishia uliwapeleka bwawani. Walirudi wamelowa mpaka kiunoni, na ubishi ukaishia hapo. Baba alikuwa amejua tofauti hiyo kabla yao, maana alisikiliza rekodi zako huku akishona. Mvua ikinyesha siku hizi, sauti za bwawani hufika mpaka nyumbani. Yeye husimamisha mashine na kugeukia dirisha. "Ni yule wa mlango," husema. Sisi huendelea na yetu, kwa kuwa tunajua si sisi anaotuambia.

Lakini jambo la mwaka huu ambalo tunataka ulijue ni hili. Jumamosi moja mchana, jirani yetu msusi alikuja mbio, viatu mkononi, akagonga mlango kwa kiganja. "Fundi, mwite Mama Nyoka, kuna nyoka saluni kwangu." Ndipo akajisikia alichokisema. Akaziba mdomo, na machozi yakamtoka palepale. Ni mazoea, Mama. Mtaa mzima ulikuwa umezoea kukimbilia mlango huo.

Baba aliweka mkasi chini.

"Hayupo," alisema. "Nakuja mimi."

Tulidhani tumesikia vibaya. Alichukua fimbo yako ya chuma yenye kulabu, akachukua ndoo yenye mfuniko, akatangulia. Saluni tulikuta watu wamejaa mlangoni, mwenye duka la vipuri ameshika koleo, mwingine ana birika la maji ya moto. Nyoka alikuwa amejikunja nyuma ya kiti cha kukaushia nywele. Baba aliwaomba wasubiri. Jasho lilikuwa limemlowesha mgongo wote wa shati. Akainama kwa mbali, kama ulivyotufundisha, asihangaike na rangi maana rangi hudanganya, aangalie uso. Akaona mistari miwili myeupe pembeni mwa kichwa, mmoja ukipita juu ya jicho, mwingine ukishuka kuelekea mdomoni. Hata hivyo hakujiamini. Alimpiga picha, akamtumia mwenzako anayetunza vielelezo kule makumbusho, kisha akampigia simu kumweleza anavyodhani. Yule bwana aliitazama picha, akajibu.

"Umemtambua sawasawa, Fundi. Ni yule mla panya. Hana sumu."

Mwenye koleo hakushawishika. Alisema nyoka ni nyoka, na akapiga hatua mbele. Baba akasimama kati yao. Hakupaza sauti.

"Mke wangu amewatolea nyoka humu mtaani miaka yote, na hakuna aliyeumwa," alisema. "Huyu mmoja niachieni."

Koleo likashuka. Baba akamwinua nyoka kwa kulabu. Mara ya kwanza nyoka aliteleza na watu wote wakarudi nyuma, mara ya pili akaingia ndooni kama aliyechoshwa na kelele zetu. Baba aliibeba ndoo mwenyewe hadi vichakani, akakataa kupokewa, akamfungulia.

Aliporudi alikuwa mtu mwingine. Alitembea haraka, akitabasamu peke yake, akasukuma mlango na kuita kuelekea jikoni, "Njoo usikie leo nimefanya nini."

Hakuna kati yetu aliyeweza kumtazama. Tulitegemea ageuke, arudi kwenye cherehani yake. Badala yake aliingia jikoni, akavuta kiti chake, akaketi mkabala na chako, akaanza kukusimulia tangu msusi alipogonga mlango. Hakuruka kitu. Hata ile mara nyoka alipoteleza alikuambia, na pale ambapo ungecheka, aliacha nafasi. Sisi tukaurudisha mlango taratibu, maana hayo hayakuwa mazungumzo yetu.

Unakumbukwa na mumeo. Na wanao, kifungua mimba na kitinda mimba wako. Na dada yako mkunga. Na mkweo na wajukuu wako. Na wenzako wa makumbusho. Na msusi pamoja na majirani wote wa mtaa.

Pumzika, Mama. Siku ya kukusahau haipo.