Maharage ya Mama Mkwe, Lawama kwa Mvuvi wa Chaza

Mpendwa mshauri, nisaidie, nakuandikia nimejifungia stoo ya mkahawa wetu hapa Louisiana kwa sababu sina pa kuuficha uso wangu. Mama mkwe ndiye mwenye jiko, na kila Jumapili baada ya misa hupika maharage mekundu ya kuuza Jumatatu, kisha huiacha sufuria nzima juu ya jiko lililozimwa mpaka asubuhi, ati yashikane vizuri, ndivyo alivyofanya mama yake, na mimi ndiye niliyesomea usafi wa chakula, cheti changu kimetundikwa ukutani, lakini nilipomwambia yapozwe upesi yaingie friji alinicheka mbele ya wahudumu, "Maharage haya yamelisha mji huu kabla hujazaliwa, wewe na kipimajoto chako," nami nikanyamaza.

Jumatatu iliyopita wateja waliharisha, mwalimu mmoja mzee akalazwa, na kwa kuwa siku hiyo tuliuza na chaza, lawama zote zikamwangukia mvuvi anayetuletea, nitamwita Octave, hata mkaguzi wa afya tulimwambia ni chaza, ingawa padri wetu hagusi chaza, alikula maharage tu, na aliugua vilevile. Sasa hakuna anayenunua kwake. Jana alikuja mlangoni kofia mkononi, akasema, "Mnisamehe, bibie, sijui nilikosea wapi." Nikamjibu tumemsamehe. Mshauri, kweli nilimjibu hivyo. Nikisema, mama mkwe ataaibika, na mume wangu sijui kama ataniangalia tena. Nifanyeje?

Mkamwana mwenye aibu

Bibie, pole, najua mama mkwe mwenye jiko lake si mtu wa kuguswa. Lakini aibu hiyo ni haki yako, usitafute wa kukupunguzia. Cheti kile kina jina lako, si la mama mkwe. Ulijua, ukanyamaza, kisha ukamsamehe mtu asiye na kosa! Mficha uchi hazai, na wewe unaficha huku mwenzako anafilisika.

Leo mwambie mama mkwe, faraghani na kwa adabu, kwamba unakwenda kwa mkaguzi. Humwombi ruhusa. Mkaguzi mweleze yote, na watu wa hospitali nao wajue mgonjwa wao alikula nini. Kuanzia sasa maharage yakiiva yagaweni kwenye trei pana zisizo na kina, yapozwe kwa barafu, yaingie friji. Yaliyolala jikoni mwageni, kuyachemsha tena hakuondoi sumu yote iliyoachwa na vijidudu.

Kisha nenda kwa Octave kabla hajasikia kwa wengine. Usimpelekee sahani ya chakula wala maelezo marefu. Mwambie chaza wake walikuwa wazima, umwombe radhi, na Jumapili useme hivyo hivyo kanisani, watu wote wakisikia.